Tatiana Samoilova: uso ulioipa Sovieti Palme d'Or, halafu ukakaa unasubiri kazi

#1 (mleta uzi)

Wakuu, salaam. Humu jukwaani tukigusa muvi za vita tunaishia kwa Wamarekani tu: nani kampiga nani, daraja limelipuliwa vipi, steringi kabaki peke yake na bunduki moja. Leo naleta filamu ya vita ambayo vita vyenyewe huvioni sana, pamoja na mwanamke aliyeibeba mabegani. Anaitwa Tatiana Samoilova. Mei 1958 alikuwa ndiyo kwanza anatimiza miaka 24, na filamu yake ikatoka kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, na Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha hilo. Hakuna filamu nyingine ya Kisovieti iliyoipata tena tuzo hiyo mpaka dola lenyewe lilipovunjika 1991.

Halafu? Halafu ikaja filamu moja ngumu mwaka 1960, nyingine kubwa mwaka 1967, na baada ya hapo nafasi za kuokoteza na ukimya mrefu.

Kisa chake husimuliwa kwa pumzi moja: Hollywood walimtaka, wakubwa wa Moscow wakakataa, kipaji kikafia mikononi mwao. Mimi naona hiyo ni nusu ya habari, tena nusu iliyo rahisi. Nitaeleza ninavyoona mimi, anayetaka kupinga apinge.

Onyo: nitasimulia filamu mpaka mwisho wake. Ilitoka Oktoba 1957, kwa hiyo asije mtu kulalamika kwamba nimemharibia utamu.

#2 (mchangiaji)

Nimeshavuta kiti. Ila uzi bila picha mkuu?

#3 (mleta uzi)

Picha zipo mtandaoni tele, andika jina lake utaziona. Tuendelee.

Tatiana alizaliwa Leningrad tarehe 4 Mei 1934. Baba yake, Yevgeny Samoilov, alikuwa nyota hasa. Aliigiza filamu "Shchors" ya mwongozaji Dovzhenko mwaka 1939, na wakati wa vita sura yake ilijulikana nchi nzima. Mama alijua kupiga piano. Binti akakulia Moscow, akacheza baleti akiwa mdogo, kisha akaingia chuo cha uigizaji cha Shchukin, kile kilicho chini ya ukumbi wa Vakhtangov. Hapo akaolewa na mwanafunzi mwenzake, kijana mtanashati anayeitwa Vasily Lanovoy. Hilo jina lishikeni, litarudi.

Sasa angalieni hali ya sinema ya nchi ile wakati huo. Miaka ya mwisho ya Stalin filamu zilikuwa chache mno. Mwaka 1951 nchi nzima ile, yenye studio kubwa kubwa, ilitoa filamu za hadithi zisizozidi kumi. Kila moja ilikaguliwa mpaka ikakauka. Mwanamke kwenye filamu hizo alikuwa na sura moja: mashavu ya afya, kitambaa kichwani, trekta au cherehani ya kiwandani, na anajua siku zote jambo sahihi ni lipi. Akikosea, anakosea kidogo ili chama kimrekebishe kabla ya dakika ya tisini.

Stalin akafa Machi 1953. Februari 1956 Khrushchev, kiongozi mpya wa chama, akatoa hotuba yake ya siri ya kumvua nguo marehemu. Mlango ukafunguka kidogo, na kupitia upenyo huo ikapita tamthilia ya Viktor Rozov aliyoiandika vita vikiwa bado vinapiganwa, ikakaa bila kuoneshwa kwa miaka mingi. Vijana wa Moscow walioanzisha ukumbi wa Sovremennik waliichagua kuwa onesho lao la kwanza kabisa mwaka 1956. Mwongozaji Mikhail Kalatozov wa Mosfilm, studio kubwa ya Moscow, akaichukua, Rozov mwenyewe akaiandika upya kuwa mswada wa filamu. Ndiyo "Letyat zhuravli", yaani "Korongo Wanaruka".

Kalatozov alikuwa Mjojia, mzaliwa wa Tbilisi, mtu mzima wa miaka hamsini na kitu. Wakati wa vita alikaa Los Angeles kama mwakilishi wa sinema ya Kisovieti, kwa hiyo Hollywood aliijua kwa macho yake. Mpiga picha wake, Sergei Urusevsky, yeye vita aliviona kupitia kamera akiwa mstari wa mbele. Hawa wawili ndio walioona kwamba binti huyu mwenye macho ya mlalo, nywele nyeusi na sura isiyofanana na bango lolote la kiwandani ndiye Veronica wao.

#4 (mleta uzi)

Hadithi yenyewe ni fupi. Veronica na Boris wanapendana Moscow, kiangazi cha 1941. Boris anamwita Kindi. Wajerumani wanavamia Juni 22, Boris anajiandikisha kwenda vitani kwa hiari bila kumwambia. Anamwachia mdoli wa kindi mwenye kikapu cha njugu, na chini ya njugu kaficha barua. Barua hiyo Veronica haioni.

Kuna tukio la kuagana ambalo ningependa kila anayesoma uzi huu alitazame. Veronica anachelewa. Yuko ndani ya basi, msongamano, barabara imefungwa na vifaru. Kamera iko humo humo ndani ya basi, karibu na shavu lake. Anashuka, kamera inashuka naye, imeshikwa mkononi, inapenya katikati ya watu nyuma yake. Kisha bila kukatwa kamera inaondoka ardhini, inapanda juu, na unamwona Veronica mdogo mdogo anakimbia katikati ya vifaru na moshi. Mwaka 1957 hiyo, kamera ni chuma kizito, hakuna droni wala kifaa cha kutuliza mtikisiko. Mpiga picha alishuka na kamera mkononi, akatembea nayo, akapandishwa na kreni, kila kitu katika pumzi moja.

Anafika. Watu wamejaa, wake wanalia, mwingine anacheka, mwingine anacheza na kinanda cha mkono. Boris anaangaza huku na huku, hamwoni. Yeye anamwona kwa mbali, anaita, sauti inamezwa. Amemletea biskuti. Anazirusha juu ya vichwa vya watu, zinaanguka chini, na safu ya askari inapita juu yake na mabuti. Buti, biskuti, buti. Hawakuagana na hawataonana tena.

Nimeziona filamu nyingi zenye milipuko. Zile biskuti zinaniuma kuliko milipuko yote.

#5 (mchangiaji)

Mkuu umenipeleka moja kwa moja kuitafuta. Ila nimesoma mahali huyo Veronica anakuja kuolewa na binamu wa jamaa wakati jamaa yuko front. Sasa hapo huruma inatoka wapi? Mwanaume anakufa matopeni, wewe unavaa shela.

#6 (mchangiaji)

@5 ndiyo maana nasema wanaume mnasoma muhtasari mnafunga hukumu. Umeuliza alivyoolewa?

#7 (mleta uzi)

Tulieni wote wawili, maana swali hili ndilo moyo wa uzi.

Bomu linaangukia nyumba yao usiku. Veronica alikuwa amekimbilia metro, anarudi, anapanda ngazi zinazofuka moshi, anafungua mlango wa nyumbani na hakuna nyumba. Kuna anga tu. Taa inaning'inia, saa ya ukutani bado inagonga. Wazazi wamekwisha. Familia ya Boris inamchukua. Mle ndani yumo Mark, binamu yake Boris, mpiga piano, ambaye amemtamani tangu zamani. Usiku mwingine wa mabomu wamebaki wawili, Mark anapiga piano kushindana na milipuko, vioo vinapasuka. Anamshika. Veronica anasema hapana, anampiga makofi, hapana, kofi, hapana, kofi. Mark anambeba akikanyaga vioo. Filamu inakata hapo. Picha inayofuata ni Boris kwenye matope ya msituni, kisha risasi, kisha miti ya mbetula inamzunguka kichwani huku akiota harusi yao juu ya ngazi zile zile alizokuwa akizipanda kumkimbilia. Halafu tunarudishwa nyumbani: Mark anatangaza kwamba wanaoana. Veronica kasimama kama mtu aliyetolewa kwenye maji.

Kwa hiyo @5, filamu haisemi "alisaliti" wala haisemi "hakusaliti". Inakuacha na uso wake, na yeye mwenyewe ndiye anayejihukumu vikali kuliko wewe.

Baadaye wamehamishiwa Siberia, Veronica anahudumu hospitali ya majeruhi. Askari mmoja anapata habari kwamba mchumba wake ameolewa na mwingine, anapagawa, anararua bandeji. Baba yake Boris, daktari Fyodor Ivanovich, anasimama wodini na kuwaambia askari kwamba wanawake wa namna hiyo hawastahili msamaha. Anasema kwa nia njema, kumtuliza mgonjwa. Veronica yuko pale pale anasikiliza. Hayo maneno ndiyo hotuba ambayo sinema ya zamani ingeimalizia filamu, watu wakapiga makofi wakaenda nyumbani. Hapa kamera inamwacha mzee, inamtazama binti.

Anatoka anakimbia kuelekea reli. Urusevsky anakimbia naye na kamera: uzio, matawi, uso, anga, uso, treni. Hujui kama anakimbia au anaanguka. Anachomzuia kujirusha ni mtoto mdogo aliye peke yake barabarani na gari linakuja. Anamnyakua. Anamuuliza jina. Boris.

Hata hivyo Mark naye anafichuka: msamaha wa kutokwenda jeshini aliupata kwa hila, akitumia jina la mjomba wake. Na barua iliyokuwa chini ya njugu inasomwa hatimaye, kwenye karamu ya wengine, kwa sababu Mark kamgawia mwanamke mwingine yule mdoli.

#8 (mchangiaji)

Mzee wangu alisoma Moscow, Chuo cha Lumumba, miaka ya 70. Nimemuuliza sasa hivi kwa simu. Anasema muvi za vita zilikuwa zinarushwa kwenye televisheni kila ikikaribia Mei 9, siku yao ya ushindi, na hii aliitazama bwenini. Anasema Warusi wenzake walikuwa wanatoka nje kuvuta sigara ikifika sehemu ya stesheni mwishoni, hawataki kuonekana wanalia.

#9 (mleta uzi)

@8 mfikishie salamu zangu. Sehemu hiyo ya stesheni ndiyo mwisho. Askari wanarudi na treni limepambwa, Veronica kavaa nyeupe na kakumbatia maua, kwa sababu hakuwahi kukubali kwamba Boris amekufa. Stepan, rafiki yake Boris, anamhakikishia na kumkabidhi picha yake aliyokuwa nayo marehemu. Stepan anapanda juu kuhutubia umati, kuhusu ushindi na wale ambao hawakurudi. Yeye Veronica anatembea katikati ya furaha ya watu machozi yanamtoka, mzee mmoja anamhimiza, na anaanza kugawa maua, moja kwa huyu, moja kwa yule. Nchi ile ilipoteza watu wanaokadiriwa kufikia milioni 27. Karibu kila aliyekaa ukumbini mwaka 1957 alikuwa na Boris wake. Waliokata tiketi walikuwa kama milioni 28.

Wakubwa hawakufurahi wote. Inasimuliwa kwamba Khrushchev, yuleyule aliyefungua mlango, alimtukana Veronica tusi la nguoni baada ya kuitazama filamu. Sijui kwa nini watu hushangaa. Yeye na @5 wangeelewana vizuri tu.

#10 (mchangiaji)

Hahaha @5 kumbe wewe ni Katibu wa Kwanza wa chama!

#11 (mchangiaji wa 5)

Nimekubali kuitazama kwanza. Ila msimamo wangu uko pale pale kuhusu Boris. Kijana wa watu.

#12 (mleta uzi)

Twende Cannes.

Mwaka ule 1958 mashindano hayakuwa ya kitoto. Jacques Tati alikuwepo na "Mon oncle", Ingmar Bergman alikuwepo na filamu ya wodi ya wazazi iliyompa tuzo ya mwongozaji bora. Tuzo ya mwigizaji bora wa kike ilikwenda kwa wanawake wanne wa filamu hiyo ya Bergman kwa pamoja. Samoilova akapewa kutajwa kwa heshima. Lakini Palme d'Or yenyewe ilikwenda kwa korongo wa Moscow. Claude Lelouch, aliyekuja kuwa mwongozaji mkubwa wa Ufaransa, amesimulia mara nyingi kwamba akiwa kijana mwenye kamera Moscow 1957 alijipenyeza Mosfilm, akakuta filamu hii inapigwa, na ndiyo iliyomfanya aamue kazi yake ya maisha.

Kilichowagusa watu wa nje ni kwamba hawakutarajia. Walishazoea kwamba Mrusi wa kwenye sinema ni sanamu. Samoilova mwenyewe alisimulia kwamba mashabiki wa Ujerumani Mashariki walimpa saa yenye maandishi ya shukrani kwamba sasa wanaona kwenye sinema ya Kisovieti uso wa mtu, si kinyago. Bahati mbaya uso huo ulikuwa mgonjwa. Alipata kifua kikuu wakati wa upigaji wa filamu hii hii, na matibabu yakaendelea baadaye.

#13 (mchangiaji)

Sasa hapo ndipo Hollywood wakaingia? Maana hapo ndipo dili zinapokuja.

#14 (mleta uzi)

Ndiyo. Mwenyewe alieleza kwamba alitakiwa Marekani kucheza Anna Karenina, yule mwanamke wa riwaya ya Tolstoy, na mwigizaji Gérard Philipe wa Ufaransa awe Vronsky, mpenzi wake Anna. Wakubwa wakajibu kwamba binti bado ana masomo ya kumaliza. Philipe alifariki 1959 hata hivyo.

Ila nielezee mfumo ulivyokuwa, kwa sababu wengi tunawaza kama mwigizaji alikuwa na wakala wake na simu yake. Hakukuwa na wakala. Mwigizaji wa filamu alikuwa mwajiriwa wa studio au wa ule ukumbi wa waigizaji wa filamu Moscow, analipwa mshahara wa mwezi, anasubiri mwongozaji amuite. Barua kutoka nje ikija, haiji kwake, inakwenda kwenye ofisi ya serikali, na huko ndiko inakojibiwa au kulaliwa. Unaweza kuwa uso unaojulikana Paris na Budapest, na wewe mwenyewe usijue nani alikuandikia.

Wala si kweli kwamba alifungiwa kabisa. Alitoka. Mwaka 1961 aliigiza Hungaria katika "Alba Regia", na baadaye yumo kwenye filamu ya Giuseppe De Santis iliyoshirikisha Italia na Sovieti, kuhusu askari wa Kiitaliano waliopelekwa kufia Urusi. Kwa hiyo hoja ya "walimfungia" inaeleza sehemu tu. Swali linalobaki ni hili: hata nyumbani, ambako hakuna ruhusa ya kuomba, mbona hakupewa kazi?

#15 (mchangiaji)

Labda alikuwa na majivuno. Mastaa hawa.

#16 (mleta uzi)

Inawezekana alikuwa mgumu kufanya naye kazi, wapo waliosema hivyo. Ila tazameni orodha ya kazi zake kisha mniambie.

Baada ya Cannes, Kalatozov na Urusevsky walimchukua tena: "Neotpravlennoye pismo", "Barua Isiyotumwa", 1960. Wanajiolojia wanne wanaingia msitu wa Siberia kutafuta almasi. Haikuwa ndoto ya mwandishi tu. Mwaka 1954 mwanamke mjiolojia, Larisa Popugayeva, ndiye aliyegundua mwamba wa kwanza wa kimbalaiti wenye almasi nchini humo, kule Yakutia. Filamu ilitokana na hadithi ya Valery Osipov, ambaye alikuwa mume wa pili wa Samoilova. Wanne hao wanaipata almasi, halafu msitu unashika moto, njia inapotea, wanaanza kufa mmoja mmoja.

Kwa macho ni filamu ya kutisha kwa uzuri. Moto ule ni moto kweli, moshi ni moshi, waigizaji wanatambaa katikati yake na unaona hawaigizi kukohoa. Lakini Samoilova yuko wapi? Ni umbo jeusi mbele ya miale. Urusevsky kafika mahali anapenda anga kuliko watu. Innokenty Smoktunovsky naye yumo, mwigizaji wa kiwango cha juu, na yeye pia anamezwa. Baada ya hapo Kalatozov na Urusevsky wakaenda zao Cuba kutengeneza "Soy Cuba", iliyotoka 1964, ikapuuzwa Moscow na Havana kote kote, mpaka waongozaji wa Marekani Scorsese na Coppola walipoinadi miaka ya tisini. Katika Cuba hiyo hakuna nafasi ya Samoilova. Watu wawili waliojua kumtumia wakawa wameondoka.

Hapo ndipo ninaposimamia. Uso huu ulikuwa na kazi moja uliyoifanya vizuri kuliko mtu yeyote: kuonesha mwanamke ambaye amekosea, anajua amekosea, na hata hivyo huwezi kumwacha kumtazama. Sinema ya Kisovieti haikuwa na mafungu ya wanawake wa namna hiyo. Ilikuwa na wafanyakazi hodari, akina mama waliofiwa, mabinti wa vichekesho, washiriki wa chama. Veronica alipita kwa sababu mlango ulikuwa wazi mwaka ule, na Rozov alikuwa naye mkononi tayari. Mwingine angetoka wapi? Nani angemwandika, na nani angempitisha kwenye kamati? Kumkataza Hollywood lilikuwa kosa la barua moja. Huku kwingine hakuna aliyesema hapana. Simu tu haikuita.

#17 (mchangiaji)

Hapo nimekuelewa. Yaani hakuzuiwa, hakuwa na pa kuwekwa.

#18 (mchangiaji wa 6)

Na ikumbukwe wanaume wa aina hiyo walikuwa wanaandikwa. Mwanaume anayeyumba ni msanii mwenye mawazo. Mwanamke anayeyumba anaitishwa kikao.

#19 (mleta uzi)

@18 umemaliza. Na ushahidi wangu mkubwa ndio huu unaofuata.

Nafasi yake kubwa ya pili ilikuja miaka kumi baada ya Veronica, na hakuiandika mwandishi yeyote wa Kisovieti. Aliiandika Tolstoy karne ya 19. "Anna Karenina", mwongozaji Alexander Zarkhi, 1967, ya rangi, sehemu mbili. Tena ni mwanamke aliyekosea. Tena ni treni. Tofauti ni kwamba Veronica aliokolewa na mtoto barabarani, Anna hakupata wa kumshika.

Na nani kapewa kucheza Vronsky, mwanaume ambaye Anna anaacha kila kitu kwa ajili yake? Vasily Lanovoy. Yule yule wa chuoni, mume wake wa kwanza, wakati huo wameachana miaka mingi. Sitaki kutia chumvi mambo ya watu, ila kaeni mtazame wanavyotazamana kwenye tukio la dansi, kisha mtazame wanavyogombana sehemu ya pili. Kuna uchovu pale ambao hauji kwa mazoezi.

Nikolai Gritsenko anacheza Karenin, mume, na anacheza vizuri kiasi kwamba unaanza kumuonea huruma, jambo ambalo Tolstoy alilitaka na waongozaji wengi hulikwepa. Kitty ni Anastasia Vertinskaya. Betsy, yule bibi wa mjini mwenye umbea, ni Maya Plisetskaya, nyota wa baleti wa Bolshoi, na muziki ni wa mumewe Rodion Shchedrin. Shchedrin hakuuacha muziki ule ulale. Mwaka 1972 "Anna Karenina" ikawa baleti Bolshoi na Plisetskaya mwenyewe akacheza Anna.

Greta Garbo alikuwa ameshacheza Anna mwaka 1935, Vivien Leigh 1948. Garbo ni mzuri kama jiwe la thamani. Samoilova ni kitu kingine. Anna wake ni mzito, pumzi zinasikika, mikono haijui iwekwe wapi, na kuna nyakati anatisha. Wapo waliolalamika kwamba hana wepesi wa mwanamke wa kasri. Mimi nadhani ndivyo alivyo mtu ambaye ameshajua atafika wapi na bado anakwenda. Watazamaji walizidi milioni 40. Filamu ilipangwa kushindana Cannes Mei 1968, na mnakumbuka Mei 1968 Paris ilivyokuwa: migomo, wanafunzi barabarani, tamasha likavunjwa katikati bila kugawa tuzo. Safari hii Cannes jukwaa likaondolewa kabla hajapanda.

#20 (mchangiaji)

Dah. Kuna watu nyota zao zinachezewa.

#21 (mchangiaji wa 13)

Na baada ya Anna?

#22 (mleta uzi)

Baada ya Anna nitapita haraka kwa sababu hakuna mengi. Mtoto wa kiume alizaliwa 1969. Miaka ya sabini kuna filamu chache ambazo anapita pembeni, mojawapo ni "Almasi kwa Udikteta wa Wafanyakazi" ya 1975, ya kijasusi. Kisha miaka mingi bila filamu, akiwa bado kwenye orodha ya mishahara ya ukumbi ule wa waigizaji wa filamu. Umri wake ulikuwa wa miaka arobaini na kitu, umri ambao Ulaya waigizaji wa kike kama yeye walikuwa wanaandikiwa filamu nzima.

Cannes haikumsahau. Mwaka 1990 walimwita kama mgeni wa heshima. Nchini kwake cheo kikubwa cha usanii cha Urusi alikipata miaka ya mwanzo ya tisini, Sovieti ikiwa imeshazikwa; cha Umoja wa Kisovieti wenyewe, ambao aliuletea tuzo ile, hakuwahi kupewa. Tamasha la Moscow lilimtunuku 2007. Uzeeni aliitwa tena kwenye sehemu ndogo ndogo za televisheni na filamu, watu wakimpa zaidi kwa heshima ya jina.

Alifariki hospitalini Moscow usiku wa tarehe 4 Mei 2014, siku ileile aliyotimiza miaka 80. Amezikwa kwenye makaburi ya Novodevichy.

#23 (mchangiaji)

Uzi mzito. Mkuu, kwa mtu ambaye hajawahi kutazama filamu ya Kirusi hata moja, aanze na ipi? Na lugha je?

#24 (mleta uzi)

Anza na "Letyat zhuravli". Ni nyeusi na nyeupe, kama dakika 97 tu, na maneno ni machache kiasi kwamba maandishi ya chini hayatakuchosha. Mosfilm wenyewe wameweka filamu zao nyingi za zamani kwenye YouTube bure, kwa hiyo hakuna haja ya kuhangaika na vibanda.

"Anna Karenina" iache kwa siku ambayo una saa mbili na nusu na hakuna mtu wa kukuita. "Barua Isiyotumwa" usiitazame kwenye simu. Tafuta skrini kubwa kadiri unavyoweza, zima taa, maana pale unachofuata ni moto na mto, hadithi inakuja nyuma.

#25 (mchangiaji wa 5)

Nimeimaliza sasa hivi. Zile "hapana" zake wakati wa mabomu nimezisikia. Nafuta neno kusaliti.

Ila Mark nikutane naye.